Pesa peke yake haitoshi

Shoga yangu mpenzi,

Salamu nyingi, na pole na kazi. Umeniandikia kwamba mwanamke akishika pesa yake, hakuna mwanamume wa kumbabaisha. Nakubali nusu. Nusu nyingine nashindwa kuikubali kila nikiwafikiria wanawake wa Haiti.

Tangu polisi wa Kenya wafike Port-au-Prince, mji mkuu wa Haiti, mwezi Juni 2024, tunasikia habari za magenge na risasi tu. Madan Sara hawatajwi, nao ndio wanaoilisha nchi. Hao ni wachuuzi: wanapanda milimani kununua ndizi, maharage na viazi vikuu kwa wakulima, wanapakia lori, wanakaa juu ya magunia mpaka mjini. Usiku hulala sokoni hapohapo na mali yao, maana ukiipa kisogo huikuti. Karo za watoto zinawategemea wao, na sasa magenge yanawatoza njiani.

Pamoja na yote hayo, hadi mwaka 1982 sheria ya Haiti ilimhesabu mke wa ndoa sawa na mtoto, chini ya amri ya mumewe. Mama anayelisha mtaa mzima! Na wengi vijijini wanaishi na wenzao bila cheti, kwa muungano uitwao plasaj. Sheria haiutambui, kwa hiyo mwanamume akifa, aliyelima naye miaka yote hahesabiwi mjane.

Haki walizonazo hawakupewa bure. Mwaka 1934 walianzisha chama chao cha wanawake, Ligue Féminine d'Action Sociale, wakadai elimu na kura, na kura wakaja kuipiga 1957. Januari 1958 watu wa rais dikteta François Duvalier walimtoa mwandishi Yvonne Hakim-Rimpel nyumbani kwake usiku, wakampiga, wakamtupa wakidhani amekufa. Kosa lake kuandika. Hilo linaniuma sana. Lakini tarehe 3 Aprili 1986, mwanawe Duvalier aliyemrithi madaraka alipokuwa ameshakimbia nchi, maelfu ya wanawake walijaa barabarani Port-au-Prince. Hata hivyo, mpaka 2005 sheria ilihesabu ubakaji kuwa kosa dhidi ya maadili tu.

Basi duka lako endelea nalo, naliombea baraka. Ila kile kiwanja mnachojenga, hati ina jina la nani? Kama lako halimo, nenda ardhi wiki hii, usingoje nyumba iezekwe. Nijibu hilo kwanza, mengine baadaye.

Ndimi shogayo akupendaye