Samoni, trauti na mgebuka: soma jina dogo kwenye katoni

Wiki iliyopita dada mmoja mwenye mgahawa hapa mjini Kigoma alitujia dukani kwetu kwa samaki na katoni ya samaki wa barafu aliyoagiza kutoka mbali. Mbele palikuwa na neno samoni kwa herufi kubwa. Tukaigeuza. Ubavuni, karibu na tarehe ya mwisho wa matumizi, kwa herufi ndogo sana, tukasoma jina la kisayansi, Oncorhynchus mykiss. "Dada, huyu ni trauti," tukamwambia. Alikuwa ameshalipa bei ya samoni, na wateja wake walikuwa wameshaahidiwa samoni.

Swali lake ndilo tunaloulizwa mara nyingi dukani, hasa tangu mwaka 2024, uvuvi wa Ziwa Tanganyika uliposimamishwa kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti na watu wakaanza kuulizia samaki wa kutoka nje. Kwani samoni na trauti si kitu kimoja?

Ni ukoo mmoja, Salmonidae, ila nyumba zake, yaani jenasi, hazikugawanywa kwa majina haya ya sokoni. Nyumba ya Salmo anakaa samoni wa Atlantiki, Salmo salar, pamoja na trauti wa kahawia, Salmo trutta. Wote wawili walipewa majina hayo na Linnaeus, mtaalamu wa Sweden aliyevipa viumbe majina ya kisayansi, mwaka 1758. Nyumba ya Oncorhynchus ni ya samoni wa Pasifiki, nao wako wa aina kadhaa. Humo humo ndimo alimo trauti wa upinde wa mvua, yule wa kwenye katoni. Zamani vitabu vilimwita Salmo gairdneri, mpaka mwaka 1989 wataalamu walipomhamishia kwa ndugu zake wa Pasifiki. Kwa hiyo trauti huyu yuko karibu zaidi na samoni wa Pasifiki kuliko alivyo karibu na trauti mwenzake wa kahawia.

Wala msishangae, kwetu mambo ni hayo hayo. Mgebuka mwembamba wa Kibirizi hapa Kigoma na sangara mnene wa Mwanza ni wa jenasi moja, Lates. Mgebuka ni Lates stappersii, na kwa asili hapatikani popote isipokuwa ziwa letu. Lakini kuhe, samaki mwingine wa ziwa letu, hata awe mkubwa namna gani, ni wa ukoo wa sato na perege. Umbo na ukubwa vinadanganya.

Rangi nayo inadanganya. Wekundu wa nyama ya samoni unatokana na kirangi kiitwacho astaksanthini, anachokipata porini kwa kula vijidudu vya jamii ya kamba. Wa kufugwa hutiliwa kwenye chakula. Trauti wa upinde wa mvua akilelewa kwenye vizimba baharini kwa chakula hicho, anakuwa mkubwa na nyama yake inakuwa nyekundu vile vile. Ukishamkata minofu, kwa macho matupu ni vigumu kumtofautisha.

Wengine hutuuliza kama samoni anaweza kuvuliwa hapa. Hapana. Kwa asili ukoo huu wote ni wa kaskazini mwa dunia. Samoni wa Atlantiki ni wa mito ya Ulaya na ya mashariki mwa Amerika Kaskazini. Wa Pasifiki ni wa Japani, Urusi, Alaska, Kanada hadi California. Huzaliwa mtoni, hukulia baharini, kisha hurudi kutaga kwenye mto ule ule aliozaliwa, akiutambua kwa harufu ya maji yake. Wengi wa Pasifiki hufa baada ya kutaga. Afrika ina wenyeji wachache tu wa ukoo huu, trauti wa kahawia wa vijito vya milima ya Atlas, Moroko na Aljeria. Waliopo Kenya waliletwa na Waingereza mwanzoni mwa karne ya 20, na wa mito ya baridi ya Kilimanjaro vile vile walipandikizwa na watu.

Trauti hupenda maji ya baridi, chini ya nyuzi 20 hivi. Ziwa Tanganyika juu lina nyuzi 25 na zaidi, na hata chini kabisa, kina kinapopita mita 1,400, bado ni nyuzi 23 hivi, tena huko hakuna oksijeni. Hana pa kukimbilia.

(Mbasa wa Ziwa Nyasa aliitwa samoni na Waingereza kwa sababu hupanda mito kwenda kutaga. Si samoni. Ni jamaa wa ningu.)

Basi sisi hatuweki samoni kwenye friza. Tunamwagiza kwa oda. Wengi wanaouzwa madukani ni Salmo salar wa kufugwa, hasa kutoka Norwei, au kutoka Chile ambako kwa asili hakuwepo kabisa. Katoni ikifika tunaifungua mbele yako, tunasoma jina la kisayansi pamoja, tunaliandika kwenye risiti, na bei inafuata jina hilo. Anayetaka samaki mtamu wa leo leo, mgebuka tunaupokea mwaloni alfajiri, na kwa mawese hauna mpinzani.

Yule dada alirudi juzi na menyu yake. Amekata neno samoni kwa kalamu, ameandika trauti, na bei ameishusha. Katoni nyingine mbili za mzigo wake tumemhifadhia mpaka Jumamosi.