Baba alisema mara moja, mimi nakumbuka mara mbili

Anti, shikamoo.

Mimi ni mke wa mtu, naishi Chang'ombe hapa Dodoma, na kwetu ni mtoto wa kati. Juu yangu yuko kaka, chini yangu mdogo wetu wa kike. Suala langu linahusu mirathi, lakini tafadhali usinielekeze kwa mwanasheria, huko nimeshapita. Kinachoninyima usingizi kiko kichwani mwangu mwenyewe.

Baba alifariki 2019, akaacha shamba la mizabibu Hombolo na nyumba anayokaa mama. Alipokuwa mgonjwa alituita nyumbani akasema maneno yake. Kaka anashikilia kwamba baba alimkabidhi yeye shamba, alilime na kumtunza mama. Mdogo wetu anasema hapana, baba alikataza shamba lisigawanywe wala lisiuzwe mama akiwa hai. Zamani tungeyaacha hivyo hivyo, shamba la Hombolo nani angeligombania? Ila tangu Serikali ilipotangaza 2016 kuhamia Dodoma, na mji ukapandishwa kuwa jiji 2018, madalali wanaingia hadi katikati ya mizabibu na pikipiki zao, wanauliza ekari ngapi kabla hata ya salamu.

Sasa sikiliza ninachokumbuka mimi. Baba amekaa nje chini ya mkwaju, kavaa sweta lake la buluu lililotoboka kiwiko, anamenya karanga na maganda anayatia mfukoni. Jirani yupo. Katekista yupo, kashika kikombe cha chai. Baba anamtazama kaka, anamwambia, "Shamba nakuachia wewe."

Nakumbuka pia hivi. Baba yuko chumbani, amelala kageukia ukutani, redio iko chini ya mto inasoma taarifa ya habari. Mdogo wangu kashika bakuli la uji wa uwele. Hakuna mgeni yeyote. Baba anasema bila kugeuka, "Shamba msiliguse mama yenu akiwepo."

Ningesema ni siku mbili tofauti, yakaisha. Lakini hata hao wanaogombana wanakubaliana kwamba baba alituita mara moja tu, ile siku niliyofika na basi la mchana na kulala pale. Zote mbili nazisikia kwa sauti ya baba, na kile kikohozi chake katikati ya maneno. Mwanzoni nilikuwa na kumbukumbu moja, hilo nina hakika nalo. Ilikuwa ipi, ndipo ninaposhindwa.

Mpwa wangu mmoja, kijana wa simu, ananiambia haya yanatokea dunia nzima, kwamba kuna watu wengi wanaokumbuka kabisa Mandela alifia gerezani miaka ya 1980, eti kwa sababu dunia ziko mbili. Nilimcheka. Mandela alitoka gerezani Februari 1990 na akafariki Desemba 2013, na mkoa huu ambao wapigania uhuru wa ANC, chama chake Mandela, waliweka kambi Kongwa, huwezi kutudanganya habari zake. Binti yangu aliyeko chuo ndiye aliyenipa maelezo yaliyonikaa. Anasema mwaka 1974 Elizabeth Loftus, mwanasaikolojia wa Marekani, na mwenzake waliwaonyesha watu filamu ya magari yakigongana. Baadhi waliulizwa mwendo wa magari kwa neno zito, kwamba yalipopondana yalikuwa mwendo gani. Wiki moja baadaye hao ndio waliozidi kusema waliona vioo vimevunjika, na vioo vilivyovunjika havikuwepo.

Niliposikia hivyo nilikumbuka kaka anavyosimulia. Alisimulia kwenye arobaini, akasimulia kila mavuno, na kila akisimulia habari inanenepa, mara jirani, mara chai. Mdogo wangu naye anaishi na mama, nikienda kumsalimia mama sitoki bila kusikia habari ya chumbani. Simwiti yeyote kati yao mwongo. Kila mmoja akisema, machozi yanamtoka.

Mama tumemuuliza. Anakubaliana na yeyote aliyekaa naye siku hiyo. Jirani ameshatangulia mbele ya haki. Katekista alihamishwa, tukampigia simu, akajibu, "Sikumbuki vizuri, lakini kama mnasema nilikuwepo, basi nilikuwepo." Hebu fikiria shahidi wa namna hiyo.

Na huyo katekista ana uzito. Dada mmoja wa msaada wa kisheria alinieleza kwamba kwa sheria za kimila wosia wa mdomo unataka mashahidi wasiopungua wanne, wawili wa ukoo na wawili watu baki. Chini ya mkwaju watu baki wapo wawili kamili. Chumbani hakuna hata mmoja. Kaka amefungua shauri la mirathi mahakama ya mwanzo, mdogo wetu ameweka pingamizi, na wote wawili wameniandikisha mimi kuwa shahidi wao.

Kaka ndiye aliyenilipia ada ya chuo. Mdogo wangu ndiye anayemwogesha mama. Mume wangu ananishauri nisingizie ugonjwa nisiende. Mimi nafikiria kusimama nikaapa na kusema yote mawili kama ninavyoyaona, lakini naogopa hakimu ataona namfanyia mzaha, na ndugu zangu kila mmoja ataona nimemsaliti.

Je, niseme yote mawili, au ninyamaze? Na kama kuna njia ya kuitambua ile iliyokuwepo mwanzo, kabla sijaanza kusimuliwa, naomba unielekeze.

Kesi inatajwa baada ya mavuno ya Agosti. Naomba jibu liwahi, na jina langu lisitoke, maana kaka husoma majibu yako kila wiki.

Mtoto wa kati,
Dodoma