Kuhusu Isobel wako wa Auldearn

Morogoro, Jumapili jioni

Zuhura mwenzangu,

Assalaam alaykum. Hujambo? Shemeji hajambo? Watoto je? Sisi huku tu wazima. Mvua imekatika, mahindi yamepanda bei, na Mama Neema goti bado linamsumbua ila ukimtajia hospitali anageukia ukutani. Salamu nyingine nitazimalizia chini, maana kuna jambo limenikaa kooni tangu nilipofungua bahasha yako.

Uliniomba niipitie makala yako ya kamusi elezo kuhusu Isobel Gowdie, yule mwanamke wa kijiji cha Auldearn, Uskoti, aliyeshtakiwa kwa uchawi, kabla hujamkabidhi mhariri. Nimeisoma, nikairudia. Kiswahili chako kinatiririka, Mwalimu Rukia angefurahi. Lakini nakuomba, tena kwa moyo wote, usiipeleke hivyo ilivyo.

Nianze na pale mwanzoni: “Isobel Gowdie alikiri kwa hiari yake, akachomwa moto mwaka 1662.” Nani kakwambia alichomwa? Yapo maungamo yake manne ya mwaka huo, Aprili 13, Mei 3, Mei 15 na Mei 27. Baada ya hapo hakuna karatasi inayoeleza aliishia wapi. Huenda aliuawa kweli. Uskoti ya wakati ule aliyehukumiwa kwa uchawi kwa kawaida alinyongwa kwanza, ndipo maiti ikachomwa. Lakini “huenda” iandike “huenda”. Kamusi elezo ikishasema alichomwa, kila mwanafunzi atanakili alichomwa.

Na hiyo “kwa hiari” ndiyo iliyoniuma zaidi. Najua umeitoa wapi, hati yenyewe inasema hakushurutishwa. Basi andika kwamba hati inasema hivyo, halafu umweleze msomaji hati iliandikwa na nani. Mwandishi alikuwa John Innes, aliyethibitisha nyaraka. Maswali waliyomuuliza hakuyaandika, tunaona majibu tu, yamepangwa kama vile mama wa watu alikaa akasimulia mwenyewe. Kwenye mahojiano hayo alikuwepo Harry Forbes, mchungaji wa Auldearn, na huyo Forbes katika maungamo hayo hayo anatajwa kuwa mmoja wa waliolengwa na uchawi! Mwenye kudai kurogwa ndiye anayehoji. Wengine ni wenye ardhi wa sehemu zile. Isobel ni mke wa John Gilbert wa Lochloy, anaishi kwenye ardhi ya watu, na miongoni mwa anayokiri ni kuwaangamiza watoto wa kiume wa kabaila wa Park, wa ukoo wa Hay, waliokuwa mabwana wa ardhi hiyo ya Lochloy. Hili ulilipitia juu juu, Zuhura. Shetani ukampa aya tatu.

Sikatai, yale mambo ya Shetani yamo. Kubatizwa upya usiku kanisani Auldearn, kupewa jina la Janet, kugeuka sungura, kupanda majani makavu kama farasi, kumwachia mume ufagio kitandani adhani mkewe kalala. Yaache, ndiyo yaliyomfanya Isobel ajulikane. Ila uliponisimulia ile sanamu ya udongo uliandika tu “walitengeneza sanamu ya kumroga mtoto”. Lakini alivyoisimulia mwenyewe! Anasema mwanamume mmoja alileta udongo kwenye pindo la shuka lake, mkewe akauponda ukawa laini kama unga, akauchekecha kwa chekecheo, akamimina maji, akausonga kama uji mzito wa shayiri nyekundu. Kisha wakaufinyanga uwe mtoto, asipungue kiungo. Hayo ni maneno ya mwanamke aliyesonga na kuchekecha maisha yake yote. Na lile jembe lililovutwa na vyura badala ya maksai, kamba zake za nyasi, ulimi wake wa pembe ya kondoo dume, ili shamba la mtu liote mibaruti tu. Nani angewaza laana ya namna hiyo kama si mtu wa shamba anayejua mavuno yakikosa kunakuwaje?

Halafu kuna mahali ambapo umepaacha kabisa, nami ndipo nilipokwama nikashindwa kuendelea. Anasema aliingia kilima cha Downie kwa Malkia wa vichimbakazi, aliyevaa vizuri kitani cheupe, na mlangoni kulikuwa na mafahali wakiunguruma hata akaogopa. Na huko, anasema, alipewa chakula kingi kuliko alivyoweza kumaliza. Basi. Katika habari zote za mishale ya uchawi na mauti, mwanamke anakumbuka kwamba siku moja alikula akashiba na chakula kikabaki. Na hapo hapo habari za vichimbakazi zinapoanza kunoga, Innes anakatisha kwa “na kadhalika”. Hawakutaka kusikia habari za chakula, walimtaka Shetani. Nakusihi, usije nawe ukamkatisha palepale walipomkatisha wale. Toa aya moja ya Shetani, weka hii.

Kuna pengine pawili. Umesema wachawi wa Ulaya walijipanga katika vikundi vya watu 13. Habari hiyo ilienea kwa nguvu kupitia Margaret Murray, mtaalamu wa Misri ya kale aliyeandika kitabu kuhusu wachawi wa Ulaya mwaka 1921, naye kwa hiyo 13 alimwegemea sana huyuhuyu Isobel. Ushahidi wa mtu mmoja aliyebanwa mahabusu haubebi bara zima. Wanahistoria wengi wameshaachana na Murray. Na lile la kwamba serikali ya Uskoti “ilimsamehe mwaka 2022” lifute. Machi 8, 2022 Nicola Sturgeon, waziri kiongozi wakati ule, aliomba radhi bungeni kwa wote walioshtakiwa chini ya ile Sheria ya Uchawi ya 1563, iliyodumu hadi 1736. Kuomba radhi si kufuta hukumu. Walioshtakiwa walikaribia 4,000, wengi wao wanawake, nawe umewapa nusu mstari. Muziki wa mtunzi James MacMillan wa 1990 kuhusu Isobel umeupa aya nzima. Muziki ni mzuri, lakini hapana.

Unajua kwa nini nang’ang’ana hivi. Makala hii itasomwa Shinyanga, itasomwa Geita, na vijana waliokulia palipouawa bibi vizee kwa sababu ya macho mekundu, macho yaliyoharibiwa na moshi wa jikoni. Msomaji wa kule akikuta kamusi elezo inasema mwanamke alikiri kwa hiari, ataona ndiyo hivyo, hata Wazungu wachawi walikiri wenyewe. Akikuta umemweleza nani aliuliza, nani aliandika, na nani alikuwa na ardhi, atajiuliza maswali mengine. Ndiyo maana hiyo sentensi ya mwanzo narudi kwayo tena na tena. Ukibadilisha hiyo tu na mengine yote ukayaacha, bado nitakushukuru.

Nimekuandikia pembeni kwa penseli, usikasirike na yale mapigo ya mkono wangu, mengine ni furaha. Aya yako kuhusu hati zenyewe, jinsi Robert Pitcairn alivyozichapisha mwaka 1833, usiiguse, ni safi.

Ya huku: kamati ya harusi ya Baraka imekaa, mchango wako wamekuandikia bila kukuuliza, nikagomba kidogo. Chausiku kahamia Dodoma hakuaga mtu. Nyanya zangu… hizo tutaongea ukija.

Sasa nijibu. Mhariri anaitaka lini, na ukimwomba aisogeze mbele kidogo atakubali? Unazo nakala za maungamo yote manne au umetumia lile la kwanza tu? Huyo Janet Breadheid aliyekiri naye, mbona hukumtaja, au alikatwa kwa ajili ya nafasi? Na hilo la vikundi vya 13 ulilitoa wapi hasa, ili nijue kama na sisi maktaba yetu hapa ina kitabu hicho? Unakuja lini? Utafikia kwangu au kwa kina Baraka? Nijibu upesi, hata kwa mistari miwili.

Wako,
Mwanaidi