Klachi ya kirikuu inateleza? Pima kwanza, usikimbilie kukaza kebo

Ombi linaloletwa sana gereji ni "nikazieni klachi". Gari limeanza kukosa nguvu mlimani, au gia zinagoma kuingia, na mwenye gari ameshaamua kwamba dawa ni kukaza. Wengine huja wakiwa wameshakaza wenyewe nyumbani. Kwa gari ambalo gia zinagoma, huenda kukaza kukasaidia. Kwa gari ambalo klachi inateleza, yaani injini inalia lakini nguvu haifiki kwenye tairi, kukaza kebo ndiko kunakoimalizia pleti, ile sahani inayopeleka nguvu za injini kwenye giaboksi, maana gari hilo lilihitaji kebo ilegezwe. Dalili hizi mbili zinatibiwa kwa kuzungusha nati ileile, lakini kila moja na upande wake.

Kazi yenyewe si kubwa. Spana mbili, plaizi, brashi ya waya, tochi na rula vinatosha, na mtu makini anaweza kuifanya uani kwake. Kinachoharibu ni kuzungusha nati bila kupima.

Pleti ikilika, pedali inabadilikaje

Ndani ya klachi, pleti imebanwa kati ya flaiwili (gurudumu zito linalozungushwa na injini) na presha pleti (sahani yenye springi inayoibana). Unapokanyaga pedali, kebo inavuta mkono wa klachi ulioko kwenye giaboksi, mkono unasukuma beringi, beringi inabonyeza vidole vya presha pleti, na pleti inaachiwa. Ukiondoa mguu, beringi inatakiwa irudi na kuacha upenyo kidogo kati yake na vile vidole. Upenyo huo ndio unaousikia juu ya pedali kama mwendo mwepesi wa mwanzo, kabla pedali haijawa nzito. Tuuite mchezo wa pedali.

Pleti inapolika inakuwa nyembamba. Presha pleti inasogea kuelekea flaiwili kuifuata, na vidole vyake vinarudi nyuma kuelekea giaboksi, kwenye beringi. Kwa hiyo kulika kwa pleti hupunguza mchezo, hakuuongezi. Wengi hudhani ni kinyume chake, kwa sababu kitu kilicholika wanatarajia kiwe kimelegea. Mchezo ukiisha kabisa, beringi inakaa imeegemea vidole muda wote, hata mguu ukiwa mbali na pedali. Presha haibani tena kwa nguvu zake zote, pleti inateleza, inapata moto, inalika haraka zaidi. Sasa mtu akiingia chini na kukaza kebo, anaongeza msukumo uleule unaoimaliza.

Kinachoongeza mchezo ni kebo kuvutika, bushi ya pedali kulika, au nati kulegea. Hapo ndipo klachi inakamata chini kabisa karibu na sakafu na gia ya nyuma inaingia kwa kukwaruza. Gari hilo ndilo linalostahili kukazwa.

Gari lako lina klachi ya aina gani

Suzuki Carry nyingi, hizi tunazoziita kirikuu, zina klachi ya kebo na nati ya kurekebishia. Hiace, Hilux na Land Cruiser za mfululizo wa 70 zina klachi ya mafuta, inayosukumwa na mafuta ya breki badala ya kebo: masta silinda inayoyasukuma iko juu karibu na pedali, na silinda ya chini iko kwenye giaboksi. Ukiona bomba jembamba la chuma au mpira linakwenda kwenye giaboksi, ni ya mafuta. Ukiona kebo yenye nyuzi za chuma na nati mwishoni, ni ya kebo. Baadhi ya magari yana klachi inayojirekebisha yenyewe na hayana nati ya kugusa. Kwa hayo, mabadiliko ya pedali ni dalili ya ugonjwa, usitafute pa kukaza.

Kupima

Egesha gari mahali tambarare, zima injini na uiache ipoe, vuta handbreki, weka mawe mbele na nyuma ya tairi. Toa kapeti chini ya pedali. Kapeti nene au mbili zilizopandana zinatosha kuizuia pedali isifike mwisho, na tumeona klachi nzima ikilaumiwa kwa sababu hiyo tu.

Simamisha rula sakafuni kando ya pedali na usome kimo chake ikiwa imepumzika. Kisha bonyeza pedali kwa vidole vya mkono. Usitumie mguu, hauwezi kuhisi tofauti ndogo. Pedali itashuka kirahisi, halafu utasikia imegota kwenye uzito. Soma tena. Tofauti ya namba hizo mbili ndiyo mchezo. Kwa magari mengi ya kebo huangukia kati ya milimita 15 na 30; kitabu cha gari lako kikitaja kipimo chake, fuata hicho. Kwenye mkono wa klachi, kule chini, mchezo huohuo ni mdogo sana, takribani milimita 2 hadi 4, kwa sababu pedali huzidisha mwendo mara kadhaa.

Kabla ya kuamini namba uliyopata, itikise pedali kushoto na kulia. Ikiyumba, bushi yake imelika na sehemu ya mchezo uliopima ni ya bushi, si ya klachi. Badilisha bushi kwanza.

Kurekebisha kebo

Ukilazimika kunyanyua gari, liweke juu ya stendi. Jeki peke yake si ya kulalia chini yake, hata kwa dakika mbili.

Fuata kebo mpaka inapoishia kwenye mkono wa klachi. Nyuzi za nati hapo, yaani mikato ambayo nati inazungukia, huwa zimejaa tope na kutu, kwa hiyo sugua kwa brashi ya waya, pulizia mafuta ya kulainisha kutu na uyape muda. Weka alama ya rangi au hesabu nyuzi zilizo nje ya nati, ili ukipotea uweze kurudi ulipoanzia. Kisha kamata ncha ya kebo kwa plaizi kabla ya kugusa nati. Hili linarukwa sana: nati yenye kutu ikigoma, kebo yote inajisokota, nyuzi zake zinaanza kukatika moja moja ndani ya ala (ganda la nje la kebo) ambako huzioni, na baada ya muda inakatikia barabarani.

Kama kuna nati ya kufungia, ilegeze. Ukiirudisha nyuma nati ya kurekebishia, kebo inalegea na mchezo unaongezeka. Ukiikaza, mchezo unapungua. Nenda nusu mzunguko kwa mara moja. Mzunguko mzima husogeza kebo kama milimita moja hivi, kiasi kinachoonekana kidogo, lakini kikifika kwenye pedali kimeshakuwa milimita kadhaa. Baada ya kila nusu mzunguko kanyaga pedali mara tano au sita ili kebo ikae sawa, halafu pima tena. Ukifika kwenye kipimo, funga nati ya pili huku umeishika ya kwanza, la sivyo itazunguka nayo na kuharibu kazi yote.

Nati ikifika mwisho wa nyuzi, imeshakupa jibu. Umeilegeza yote na mchezo bado haupo? Pleti imeisha. Umeikaza yote na pedali bado imelegea? Kebo imevutika au mkono wa klachi umepinda. Usiongeze washa wala kipande cha bomba ili upate nyuzi zaidi, badilisha kilichoharibika.

Ukiwa hapo, iangalie kebo yenyewe kwa tochi, hasa inapoingia kwenye ala na inaponing'inia kwenye pedali. Uzi mmoja tu ukichomoza, hiyo ni ya kubadilisha. Paka grisi kidogo kwenye ndoano ya pedali, ila usimimine oili ndani ya ala, kwa sababu kebo nyingi zina bitana ya plastiki na oili hunasa vumbi ndani yake. Hakikisha pia haigusi ekzosi.

Na kama kebo mpya imekuwa ngumu au imeungua bila sababu, kagua ule waya mnene unaounganisha injini na bodi kwa upande wa hasi wa betri. Ukikatika au ukila kutu, umeme mwingi wa stata hutafuta njia nyingine ya kurudia, na kebo ya klachi ni chuma kinachounganisha injini na bodi. Inapata moto kila unapowasha gari. Utabadilisha kebo tatu bila kupata dawa, na dawa ni waya mmoja.

Jaribio la mwisho

Washa injini, kanyaga klachi hadi mwisho, subiri sekunde tatu hivi, ingiza gia ya nyuma. Ikiingia kimya, klachi inaachia vizuri. Ikikwaruza, bado mchezo ni mwingi au kuna jambo lingine ndani.

Kujua kama inateleza, tafuta barabara ya wazi yenye mlima kidogo, endesha taratibu katika gia ya juu, kisha kanyaga mafuta. Mlio wa injini ukipanda na gari lisiongeze mwendo, inateleza. Fanya mara moja, usirudie rudie, maana kila jaribio linaichoma pleti.

Klachi ya mafuta

Hapa pleti ikilika mfumo hujifidia wenyewe, kwa hiyo hakuna nati ya kuzungusha kila baada ya miezi kadhaa. Kinachorekebishwa ni fito fupi inayounganisha pedali na masta silinda. Kwa Toyota nyingi mchezo wa pedali ni milimita 5 hadi 15, na ndani yake fito peke yake, ikipimwa juu ya pedali, ina milimita 1 hadi 5. Legeza nati yake ya kufungia, zungusha fito, pima, funga. Fito isikose mchezo kabisa: pistoni isiporudi hadi mwisho, tundu la kurudishia mafuta kwenye kikopo cha kuyahifadhia linabaki limezibwa, presha inanaswa ndani, na klachi inateleza kama vile mtu ameikanyaga.

Ila mara nyingi pedali ya mafuta ikishuka ghafla, si suala la vipimo. Ni uvujaji au upepo, yaani hewa iliyoingia kwenye mafuta. Mafuta ya breki hupungua kwenye kikopo chake kadiri pedi zinavyolika, lakini ya klachi hayana sababu hiyo ya kupungua. Pleti ikilika yanaweza hata kupanda kidogo. Kwa hiyo yakishuka, yanatoka mahali. Funua mpira wa silinda ya chini uone kama kuna unyevu, kisha papasa nyuma ya pedali ndani ya gari, inapoingia fito ya masta.

Ongeza mafuta ya breki ya daraja lililoandikwa kwenye kifuniko, kwa kawaida DOT 3 au DOT 4. Usiweke oili ya injini wala haidroliki ya stelingi hata kwa dharura. Hufura mpira wa ndani wa silinda, na baada ya hapo utabadilisha masta na silinda ya chini kwa pamoja. Mafuta ya breki nayo hula rangi ya gari, kwa hiyo yakimwagika mwagia maji mara moja.

Kutoa upepo kunahitaji watu wawili. Mmoja anakanyaga pedali na kuishikilia chini, mwingine analegeza nipo (skrubu yenye tundu ya kutolea upepo) ya silinda ya chini, yenye mpira mwembamba uliotumbukizwa kwenye chupa ya mafuta, kisha anaifunga *kabla* pedali haijaachiwa. Rudia hadi mapovu yaishe, huku kikopo cha juu kikiongezwa. Kikikauka katikati ya kazi, mnaanza upya.

Pale nati isipokuwa na msaada

Pleti iliyolowa oili kutoka sili ya nyuma ya injini au sili ya giaboksi itateleza hata ikiwa mpya na kebo ikiwa sawasawa. Angalia chini kabisa, pale injini inapoungana na giaboksi: oili ikidondoka hapo, anza na sili. Mlio unaotokea unapokanyaga pedali na kukoma ukiachia ni wa beringi ya klachi. Gari kutetemeka linapoondoka mara nyingi ni flaiwili yenye madoa ya moto, au misumari ya pleti iliyoanza kugusa chuma.

Kuhusu kirikuu, lazima tuseme na mzigo. Zilitengenezwa Japani kubeba kilo 350, sawa na mifuko 7 ya saruji ya kilo 50. Mtu akipakia maradufu na kulishikilia gari mlimani kwa klachi badala ya handbreki, hakuna marekebisho yatakayodumu. Vivyo hivyo dereva anayepumzisha mguu kwenye pedali safari nzima: uzito wa kiatu peke yake unatosha kumaliza mchezo na kuizungusha beringi bila kupumzika.

Giaboksi ikishateremshwa, tunashauri pleti, presha pleti na beringi vibadilishwe kwa pamoja, flaiwili ikaguliwe na kusawazishwa ikihitajika, na sili ya nyuma ya injini itazamwe wakati iko wazi. Gharama kubwa ni ya kushusha na kupandisha, na hakuna faida kuilipa mara mbili kwa ajili ya beringi moja. Ukilileta gari, njoo na vipimo vyako viwili vya pedali, kabla na baada ya kugusa nati, na utuambie ulizungusha upande gani na mara ngapi. Hapo tutajua tuanzie juu au tushushe giaboksi.