Kabla ya ukaguzi wa silaha

Habari zenu wapiga shabaha. Ukaguzi unatangulia mashindano, kwa hiyo pimeni vifaa mapema. Bunduki ya upepo isizidi kilo 5.5, bastola isizidi kilo 1.5, na uzito unaohitajika kuvuta kifyatulio cha bastola usipungue gramu 500. Kinachoponza watu ni mtungi wa hewa inayosukuma risasi: tazama tarehe ya mwisho iliyoandikwa juu yake, maana muda ukipita jukumu ni lako, si la mkaguzi. Mnaosafiri kwa ndege, ulizeni shirika lenu mapema kuhusu mitungi. Na kibendera cha usalama, kile kinachoonyesha silaha haina risasi, kikae ndani ya silaha hadi mwamuzi aruhusu kukitoa. Hapo simbembelezi mtu.

Mchujo ni risasi 60 kwa dakika 75, baada ya dakika 15 za maandalizi na risasi za majaribio. Wanane bora wanaingia fainali. Wa bunduki, alama zenu zina desimali, kwa hiyo msiridhike na kumi ya pembeni: 10.9 na 10.0 ni mbali sana. Wa bastola, kumi ni kumi tu.

Maswali ya jaketi na suruali niandikieni inboksi, tusijaze kikundi.