Andikeni idadi ya chupa kwenye mwaliko

Bwana Mhariri,

Msomaji wenu mmoja aliandika kwamba kutaja idadi ya chupa kwenye mwaliko wa arusi ni kuwatukana wageni. Mimi ni mama mkaaji wa Kadutu, hapa Bukavu. Kila arusi ya ukoo wetu kamati hunikabidhi ufunguo wa chumba cha vinywaji, na matusi niliyokula kwa sababu ya idadi isiyoandikwa nayakumbuka yote.

Mwaka jana mtoto wa dada yangu alioa. Siku moja kabla ya arusi tukataka kuwapokea wageni walioshuka boti kutoka Goma, na wale wa Uvira waliochoshwa na barabara, wanywe kidogo na wajuane. Vijana wa kamati wakapeleka kwa mchapishaji maneno matamu ya Kifaransa: verre de l'amitié. Glasi ya urafiki! Sasa urafiki unaishia glasi ya ngapi? Kadi zilikuwa 40, na zote zimeandikwa "Bwana na Bibi", yaani watu 80. Mimi nilikuwa na kazie 6 za bia kubwa, chupa 12 kila moja. Jumla 72. Hata moja kwa kila kichwa haikufika.

Saa kumi na mbili jioni, baba wa bibi arusi hajasimama bado kusema neno, shemeji yangu mmoja akaja mlangoni na chupa tupu. Akaigeuza mdomo chini mbele ya wakwe, akaitikisa. Halikudondoka tone. Wakwe wakacheka. Dada yangu hakucheka.

Wala si uchoyo. Nani hapa Bukavu asiyejua kwamba kiwanda cha bia cha Bralima kiliporwa Februari 2025, na benki zikafunga milango kipindi hichohicho? Michango ya arusi ilikuja kwa noti za mkononi, kidogokidogo, wengine wakaleta mchele badala ya feza.

Arusi iliyofuata, ya binti wa kaka yangu, vijana walewale wakataka kuandika "bar limité", yaani vinywaji vina kikomo. Nikakataa. Neno hilo linamwambia mgeni kwamba atanyimwa, halimwambii atapata nini. Nikachukua karatasi nikaandika mwenyewe:

"Karibuni ninyi wawili Ijumaa, saa kumi na moja jioni. Kila mmoja amewekewa bia 2 au Fanta 2. Kasiksi ni ya kujichotea. Saa mbili usiku tutawaacha mkapumzike, maana kesho kanisa ni mapema."

Mchapishaji aliniuliza mara mbili kama sijakosea. Kaka yangu alikaa siku mbili hanisemeshi.

Kasiksi, pombe yetu ya ndizi, ndiyo iliyotuokoa: ndugu wa Kabare walileta bidoni 3 za lita 20, na wazee wengi wakaanzia huko wenyewe bila kusukumwa. Jambo ambalo sikulitegemea ni watu wa kanisa, wasiogusa pombe. Walikuja kunishukuru. Miaka yote wao hupewa Fanta moja, ya moto, huku jirani zao wakifungua bia ya tatu. Safari hii kadi iliwapa haki sawa na walevi. Na ile saa mbili, sikumfukuza mtu. Wageni wenyewe walianza kutafuta viatu na watoto wao.

Sisemi hakuna aliyenung'unika. Shangazi mmoja aliuliza kwa sauti kama siku hizi tunaoza binti au tunagawa posho. Nikamwonyesha bidoni, akanyamaza na kikombe chake.

Shemeji yuleyule wa chupa tupu naye alikuja. Akanywa ya kwanza taratibu, akatoa kadi kwenye mfuko wa koti, akaikunjua, akaweka kidole kwenye mstari wa bia. "Shemeji, hapa mmeandika mbili." Nikamfungulia ya pili.

Mama wa vinywaji,
Kadutu, Bukavu