Kadi za kliniki: msiziweke kabatini bado

Akina mama, hamjambo. Nimeulizwa sana kuhusu chanjo, najibu hapa kwa wote.

Mtoto akizaliwa hupata BCG (ile inayoacha kovu begani) na matone ya polio. Kisha chanjo nyingine wiki ya 6, 10 na 14. Hapo wengi mko vizuri. Tunapoteleza ni surua na rubela: ya kwanza miezi 9, ya pili miezi 18. Mtoto anakimbia, anavunja vikombe, mama anaona kliniki imekwisha. Haijaisha! Dozi moja haiwakingi watoto wote, ndiyo maana kuna ya pili. Aliyechelewa aende tu, haanzi upya. Nesi anaendelea alipoishia. Akikugombeza kidogo, vumilia.

Wenye mabinti wa miaka 9 hadi 14: chanjo ya HPV, kinga ya saratani ya mlango wa kizazi, tangu 2024 hapa Tanzania ni dozi moja badala ya mbili. Wajawazito, ulizieni ya pepopunda. Inamlinda mama pamoja na kichanga.

Jumamosi njooni na kadi, hata iliyochanika. Tutazisoma pamoja kabla ya kuhesabu pesa za mchezo wetu wa kuchangiana.